Kamuarangi: Mhadhara wa Mtaalamu Aliyejithibitisha Mwenyewe

Mheshimiwa mgeni rasmi, ambaye hakufika. Wazee wetu wa Kinyaturu na Kinyiramba. Vijana wa bodaboda mliofuata kivuli: itifaki imezingatiwa. Nasimama mbele yenu nikiwa Profesa, Mhandisi na Mwanaalkemia, vyeo nilivyotunukiwa kwa kauli moja na kamati ambayo mwenyekiti, katibu na mjumbe wake ni mimi.

Leo nazindua Kamuarangi, mtambo unaotoa rangi ndani ya kitu na kukiacha kitu chenyewe kizima, ila kimeduwaa.

Nadharia yangu ni fupi. Rangi haimiliki kitu. Ni mpangaji tu, na mpangaji hutolewa. Mnabisha? Tazameni Ziwa Singidani. Heroe hutotolewa akiwa na manyoya ya kijivu. Uwaridi ule mnaoupiga picha anaukamua kutoka kwenye vijimea vidogo vya maji ya magadi, na ukimnyima chakula hicho anapauka. Naye kuku wetu wa kienyeji, yule anayepelekwa Dar es Salaam ndani ya tenga, hudonoa majani mchana kutwa na kuweka umanjano wake kwenye kiini cha yai. Nawapongeza ndege hawa kwa kuiga utafiti wangu kabla sijaufanya.

Wazungu nao walinusa. Mwaka 1856, mjini London, kijana William Perkin wa miaka 18 alikuwa akitafuta kwinini ya malaria. Akaambulia tope lililotoa zambarau, akatajirika. Mwaka 1903, huko Warsaw, Mikhail Tsvet alieleza jinsi alivyopitisha maji ya majani kwenye vitu vya ungaunga, na kijani na njano zikajitenga, kila moja na tabaka lake. Hakuna hata mmoja wao aliyefika Singida kuniuliza.

Sasa tuingie kwenye alizeti, maana hapo ndipo sayansi inaponukia. Mashine zetu za mtaani hukamua mbegu: mafuta huku, mashudu kule. Mafuta yale ni ya njano, yana uzito na harufu ya shamba. Kiwanda kikubwa huyapasha moto hadi karibu nyuzi 100, huyakoroga na udongo maalumu, rangi ikanata kwenye udongo, kisha huyachuja. Mnunuzi wa mjini anainua chupa kwenye mwanga, anaona hadi ng'ambo, anasema, "Haya ndiyo safi!" Analipa zaidi kwa ajili ya kilichopungua.

Ajabu kubwa iko kwenye mawese. Yale mekundu ya Kigoma yamebeba karotini, ambayo mwili huigeuza kuwa vitamini A. Usafishaji wa kiwandani huiondoa pamoja na wekundu wake. Kisha kanuni za nchi za mwaka 2011 zilitaka mafuta ya kupikia ya viwandani yaongezwe vitamini A. Ndugu zangu, nilipolielewa hilo sikulala. Newton aliona tufaha likianguka. Mimi niliangukiwa na risiti.

Ndiyo maana Kamuarangi ina midomo miwili. Kwa huu wa kushoto unaingiza kitu chenye rangi, kinatoka kimepauka, na kinaitwa "bora". Kwa huu wa kulia unaingiza kitu kilichopauka, kinatoka na rangi, na kinaitwa "kilichoboreshwa". Katikati kuna debe, udongo, bomba la baiskeli na siri.

Namwona mama pale nyuma amenyoosha mkono. Anasema kanga yake aliianika juani, na jua likaitoa rangi bila mtambo wowote. Swali zuri, mama. Ni kweli jua la Singida linaifanya kazi hii kila siku tena bure, na hapo ndipo lilipokosea kibiashara. Tena haliwezi kurudisha rangi, wala halitoi stakabadhi.

Kwa hiyo, wenye kupausha wapange mstari kushoto. Wenye vitu vilivyopauka, kulia. Wale mtakaomaliza kushoto mtaruhusiwa kwenda kulia moja kwa moja, bila kurudi nyumbani. Malipo ni dirisha moja, na chenji hakuna.