Teke la Kichwani

Wabelgiji walishusha bendera yao hapa Kongo tarehe 30 Juni 1960. Miezi minne haijatimia, tarehe 18 Oktoba, Brussels ikamzaa mwingine wa kututawala, huyu kwa miguu: Jean-Claude Van Damme. Aliyekulia Kasongo enzi za video ananielewa. Bloodsport ya 1988 na Kickboxer ya 1989 tulizitazama tumebanana kwenye mabenchi, jenereta ikinguruma nje, teke la kichwani likirudiwa polepole, mara mbili, mara tatu, mpaka mtu unajiona nawe una nyonga kama zake.

Macho yote huwa juu, kwenye mguu unaopiga. Metre wetu wa karate alitukazania ule unaobaki chini. Mawashi geri, teke la kuzungusha mguu, haitoki gotini. Goti linapanda kwanza, kisigino cha mguu wa chini kinazunguka mpaka kimwelekee adui, nyonga inafunguka, ndipo mguu unafyatuka. Kisigino kikigoma, nyonga inafunga na nguvu yote inakurudia mwenyewe. Basi mafundisho hayo aliwapa watu waliovaa kimono, mahali pakavu. Habari za kanzu hakuzigusa.

Siku ya Idi niko ukweni, na kanzu yangu. Mvua imenyesha usiku, udongo mwekundu unateleza. "Baba mdogo, tuonyeshe lile la Van Damme!" Watoto wa shemeji hao, nani awanyime? Nikapandisha kanzu kiunoni, goti likapanda vizuri. Kisigino nacho kikazunguka, tena kupita kiasi, matope yalikisaidia. Kambambili ikaruka ua ikaangukia kwa jirani, na patalo ya mutumba ikapasuka kwa mlio ambao hata sinema hazina. Watoto wakapiga makofi. Teke lenyewe, semeni mtakavyo, lilifika juu.

Kanzu ikashuka, ikasitiri patalo. Paja ndilo lililokosa wa kulisitiri. Sinia la wali lilipoletwa, wenzangu wakaketi mkekani. Mimi mguu haukunjiki. Nikabaki nimesimama wima, mkono mmoja ukutani, uso umekunjamana kama wa mtu anayewaza mambo mazito ya ukoo. Baba mkwe akanitazama, akaguna kwa heshima.

"Mleteeni mkwe wangu kiti. Huyu sasa ni mtu mzima."

Kikaletwa kile cha wazee, na sahani yangu peke yangu, paja la kuku juu.