Haki ya Kupinga Bili Katika Nyumba Yenye Mita Moja

Haki ya mtumiaji wa umeme kupinga kiasi anachodaiwa imewekewa utaratibu wa ngazi nchini Tanzania: mlalamikaji huanza kwa mtoa huduma mwenyewe, yaani TANESCO, asiporidhika hulifikisha lalamiko lake EWURA, ambayo ni Mamlaka ya Udhibiti wa Huduma za Nishati na Maji iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2001, na akiona bado ameonewa hukata rufaa katika Baraza la Ushindani. Utaratibu huu hauna ubaya, ila unamchukulia mlalamikaji kuwa mtu mwenye mita yake. Katika nyumba ya kupanga ya Manzese au Mbagala, ambamo wapangaji wa vyumba sita hutegemea mita moja iliyosajiliwa kwa jina la mwenye nyumba, mashauri ya umeme husikilizwa uani, na hakimu kwa kawaida ni mmoja wa watuhumiwa.

Wakati wa bili za mwisho wa mwezi, msoma mita alipita au alikadiriwa kuwa amepita, na mteja aliyedaiwa kupita kiasi alikuwa walau na karatasi ya kupunga mbele ya karani. Mfumo wa LUKU, yaani Lipa Umeme Kadiri Utumiavyo, ambao mteja hulipa kwanza na kupewa tarakimu 20 za kuingiza kwenye mita, uliiondoa karatasi hiyo lakini haukuuondoa ugomvi. Uliuhamisha tu, ukautoa dirishani kwa karani na kuuleta mlangoni kwa jirani.

Chanzo cha ugomvi ni mchango wa luku, yaani fedha ambazo kila chumba hutoa kwa kiwango sawa bila kujali matumizi. Uniti moja ya umeme ni kilowati moja inayotumika kwa saa moja. Kwa hiyo pasi ya wati 1,000 inayonyoosha nguo kwa saa moja hula umeme ambao taa ya wati 10 ingeutumia kwa saa 100. Hesabu hii, ambayo wengi waliifeli shuleni, hueleweka mara moja kwa mpangaji mwenye taa na redio tu anapopakana na kijana anayenyoosha hata soksi, au na mama anayeuza barafu ambaye friji yake, kwa maelezo yake mwenyewe, “haili umeme kwa sababu ni ndogo.” Upelelezi hufanywa kwa sikio ukutani, ambako mlio wa feni hutambulika, na kwa pua, kwa kuwa nguo iliyopigwa pasi ina harufu yake. Jagi la umeme ndilo gumu kuthibitisha: katika nyumba hizo hakuna anayekiri kuwa nalo, ingawa chai huiva bila jiko kuwashwa.

Lililo zito zaidi halisemwi uani. Kwa bei zilizotangazwa mwaka 2016, mteja mdogo wa kundi la D1, yaani asiyezidi wastani wa uniti 75 kwa mwezi, alitozwa shilingi 100 kwa uniti kabla ya kodi na tozo, ilhali wa kundi la T1 alitozwa shilingi 292. Wapangaji sita wenye uniti 30 kila mmoja ni wateja wadogo wakihesabiwa mmojammoja, lakini mita huwaona kama mteja mmoja wa uniti 180, na hivyo unafuu uliokusudiwa wenye matumizi madogo huwapita kwa sababu tu wanaishi pamoja. Kosa hili hubebeshwa pasi ya kijana.

Tangu mwaka 2021, kodi ya jengo nayo hukatwa kupitia LUKU, na kiwango cha nyumba ya kawaida, kilichoanza na shilingi 1,000 kwa mwezi, kilifika 1,500 mwaka 2023. Kodi hiyo ni ya mwenye jengo, lakini hukatwa kwa yeyote atakayewahi kununua umeme mwezi unapoanza, na ndiyo maana tarehe mosi kila mpangaji huwa na uniti chache za kumvusha hadi kesho. Mwenye nyumba akikumbushwa kwamba makato hayo yapunguzwe kwenye pango, hujibu kwa upole kuwa watalizungumza.

Nyumba zilizochoka hufunga mita ndogo, moja kwa kila chumba, na amani hurejea isipokuwa kwa taa ya choo, ambayo haimo katika mita ya yeyote. Taa hiyo, ikiwa ya wati 9 na ikiwashwa saa 12 kila usiku, hula uniti 3 na ushei kwa mwezi, ambazo kwa bei ya T1 pamoja na kodi ni zaidi kidogo ya shilingi 1,100. Kikao cha kuzigawa kwa vyumba sita huchukua jioni nzima, na aghalabu huahirishwa kwa sababu umeme umekatika.