Lisifiwe Eneo Mfu

Lisifiwe eneo mfu, lile fungu la faiba ambalo mashine ya kupimia, OTDR, hailioni hata ikodoe macho vipi.

Kazi ya OTDR ni kurusha mapigo ya leza na kungoja mwangwi. Kioo chenyewe cha faiba hurudisha mwanga kidogo mno. Konekta iliyo wazi mbele ya hewa hurudisha kama asilimia 4, maelfu ya mara zaidi. Mashine inapata kiwi. Hadi ipone, pigo limeshasonga mbele, na yote ya hapo katikati yamesitirika: kiungo kibovu, faiba iliyopindwa kupita kiasi, konekta yenye alama ya kidole.

Na ukarimu wa eneo mfu je? Pigo la nanosekunde 10 hufunika kama mita 1 ya faiba. La mikrosekunde 1, mita 100. Anayetaka kuona mbali sharti akubali kutoona karibu. Mpeleke fundi Qantab, nyuma ya majabali ya Maskati, nyumba zilikobanwa kati ya mlima na mashua za wavuvi. Kwa pigo refu la kuvukia mlima, kichochoro kizima kinamezwa, pamoja na hitilafu yake.

"Mwanangu, mbona intaneti inakatikakatika?"

"Tazama skrini mwenyewe, bibi. Ukishatoka kwenye hiki kilima cha mwanzo, mstari umenyooka."

Wala hajasema uongo! Chombo gani kingine cha kazi kinachompa mtu kiapo cha bure namna hii?

Wafalme huletewa ubani. Eneo mfu huletewa faiba. Fundi makini hubeba kisanduku chenye mita 150 au zaidi za faiba nzima isiyo na kasoro, akaitanguliza mbele ya laini ili eneo mfu lishibe humo, ndipo konekta ya kwanza ya mteja ionekane. Mwishoni huweka nyingine, maana konekta ya mwisho isiyo na faiba nyuma yake haipimiki. Basi faiba safi kuliko zote kazini ni ile isiyompelekea mtu hata salamu.

Maadui halikosi. Zipo konekta za kijani, zilizokatwa mshazari wa digrii 8 ili mwangwi upotelee pembeni. Kipo pia kitambaa cha kusafishia, adui mbaya kuliko wote: bei yake chee na kinafanya kazi. Bahati nzuri, ndicho kinachosahaulika garini.