Muziki Umepanda, Nani Kafa?

Nyumbani kwangu wamo watu wanne wenye macho mazima, na hakuna hata mmoja anayejua kusimulia.

Taabu yangu ni tamthilia za Kituruki. Sultani anafoka, mlango unalia kwiii, muziki unapanda, kisha kimya. Nauliza, "Kumetokea nini?" Mke wangu anajibu, "Mh! Huyu mwanamke huyu!" Mwanamke yupi? Kafanyaje? "We subiri tu, baba Asha." Nisubiri nini, wakati ni mimi peke yangu sebuleni nisiyejua kama kuna maiti kwenye zulia?

Kijana wangu ana uchoyo wa maneno. "Kamuua." Basi, kamaliza. Kwa kisu, kwa sumu, au kamziba pumzi kwa mto? Asha naye anaeleza kila kitu, tena juu ya mazungumzo ya waigizaji. Leo najua pazia la ikulu ni la kijani na hereni ni za dhahabu, ila siri ya mtoto wa nje imenipita. Shemeji ndiye wa kuogopwa: keshaangalia vipande vya mbele kwenye simu, kwa hiyo ananisimulia kifo cha kesho.

Na wageni hawakosi kushangaa, "Kumbe na wewe huwa unaangalia TV?" Naangalia, bwana, na king'amuzi nalipia mimi, bei ileile ya wanaoona. Punguzo la wasiopata picha sijalisikia.

Kazi yenyewe ya kusimulia inajulikana, na ina kanuni. Kule Washington, mwaka 1981, Margaret Pfanstiehl, aliyekuwa na upungufu wa kuona, na Cody, aliyekuja kuwa mumewe, walianza kuwasimulia wasioona michezo ya jukwaani katika ukumbi wa Arena Stage. Msimulizi hutaja anachokiona na kumwachia msikilizaji hukumu. Huingia waigizaji wanaponyamaza, akatoka kabla hawajafungua kinywa. "Amekunja ngumi" ni maelezo. "Mshenzi huyu, ngoja atakiona" ni mke wangu. Uingereza wameliingiza jambo hili kwenye sheria yao ya mawasiliano ya 2003: vituo vinavyoguswa na sheria hiyo vina lengo la kuweka maelezo ya sauti kwenye asilimia 10 ya vipindi.

Wakubwa nao hujisahau. Mwaka 2015 Netflix walitoa Daredevil, hadithi ya wakili kipofu anayetembeza kichapo usiku. Ikaja bila maelezo. Shujaa haoni, na wasioona wenzake hawajui anampiga nani! Watazamaji wakapiga kelele, maelezo yakawekwa baada ya siku chache.

Sisi huku tulishaikaribia kazi hiyo bila kukusudia. Enzi za vibanda vya video, akina Lufufu waliposimulia filamu za kigeni kwa Kiswahili, nilifaidi kuliko wenye macho. Hawakuacha kimya kipite. Anapanda ukuta, unasikia. Anachomoa bastola, unasikia. Ukweli ni kwamba kuna jambazi wa Hong Kong aliyetwishwa madeni ya Manzese ambayo mwenye filamu hakuyajua, lakini angalau nilijua yuko upande gani wa ukuta.

Msiniambie filamu za Bongo hazina nafasi ya maelezo. Zina nafasi ya kupitisha lori! Honi inalia. Geti linafunguliwa taratibu. Gari linaingia. Mlango wa gari unafungwa. Viatu vinagonga vigae ko, ko, ko, hadi sebuleni, na hakuna aliyesema neno. Hapo msimulizi angemaliza sura, mavazi na samani zote za nyumba, akabaki na muda wa kunywa maji.

Wala gharama msinitajie. Sultani wa Istanbul ametafutiwa sauti ya Kiswahili, na mkewe, na mama mkwe, hadi mlinzi wa lango anayesema "Ndiyo, bwana wangu" akaondoka. Ameshindikana mtu mmoja wa kutaja nani kashika kisu?

Nimewaandikia wenye kituo, kwa adabu, bila tusi hata moja. Jibu limekuja kwa WhatsApp, na simu yangu, ambayo hunisomea kila ujumbe kwa sauti, ikalisoma lote:

"Picha."