Mafundi Wawili, Siku Nne

Mwanangu yuko darasa la saba, anajiandaa kwa mtihani wa PLE, na swali limemkodolea macho: fundi wa Jinja hujenga ukuta kwa siku 6, fundi wa Mbale kwa siku 12, wakijenga pamoja watamaliza kwa siku ngapi? Moja ya sita jumlisha moja ya kumi na mbili ni moja ya nne. Siku 4. Pata vema, ukae.

Mimi niliyewahi kuwaajiri hao wawili nina hesabu yangu. Siku ya kwanza fundi wa Jinja aliukagua msingi, akatikisa kichwa: "Mzee, aliyekufanyia hivi ni nani?" Huyo alikuwa amesimama pembeni yake: fundi wa Mbale. Siku ya pili wakaubomoa, kwa pamoja na kwa kasi ambayo hakuna kitabu kimeiandika. Siku ya tatu walisubiri saruji na kula rolex, zile chapati za mayai, kwa gharama yangu.

Halafu swali la darasani halitaji mwaka. Mbale hilo ndilo la kwanza kuuliza! Mwaka ukigawanyika kwa mbili ni mwaka wa tohara ya imbalu. Agosti ngoma zikishaanza pale Mutoto, kila fundi anagundua ana wapwa watano wa kutahiriwa, na wote wanamhitaji yeye binafsi.

Ukuta umefika magotini. Nilipomwonyesha mwanangu hesabu yangu, aliipitia kwa upole, akasema nimekosea KDS, kigawe kidogo cha shirika.