Wakanda Yatathminiwa Likasi

Wenzetu huisifu filamu ya Black Panther ya 2018 kwa ndege zisizoonekana na madini ya miujiza. Sisi wa Likasi, mji wa migodi huku Kongo (DRC), hayo hayatutishi: urani ya Shinkolobwe, jirani yetu, ilitiwa kwenye bomu la Hiroshima mwaka 1945. Wakanda, nchi ya kubuni ya filamu hiyo, ilizaliwa katika katuni za Marvel mwaka 1966, mwaka ambao mji wetu, uliokuwa Jadotville, uliitwa Likasi. Wao walipewa mgodi, sisi kibao kipya. Malori ya kobalti kutoka Kolwezi yakitupitia kuelekea mpakani Kasumbalesa, hutuachia vumbi. Sasa filamu itwambie eti madini yamebaki nyumbani na wenyeji wana umeme? Hata njozi ina mipaka, jamani! Nyota nne, ya tano tumeikata kwa kutia chumvi.