Namna ya Kupotea Vizuri Ndani ya BLAME!

Ramani iache nyumbani. Jiji la BLAME! halina ramani, halina kibao cha mtaa, halina hata konda wa kukuuliza unashukia wapi. Na mhusika mkuu, Killy, si mtu wa kuulizwa njia: hutembea, hupanda, hufyatua, hunyamaza. Ukimsubiri akueleze mlipo, utaota mvi kwenye sura ya kwanza.

Tsutomu Nihei aliichora manga hii katika jarida la Afternoon la Japani kuanzia 1997 hadi 2003, ikajaza juzuu 10. Kitabu hufunguliwa kutoka kulia. Aliyepitia chuo cha Kurani, mkono wake unajua tayari. Kinachohitaji mafunzo ni jicho.

Basi lizoeze hivi. Ukifika kwenye ukurasa mpana usio na neno hata moja, usifunue mwingine. Mtafute Killy. Atakuwa kijitu cha ukubwa wa sisimizi, pembeni, juu ya daraja au kwenye ngazi isiyo na pa kushika. Ukishampata, mfanye yeye ndiye futi yako ya kupimia. Ngazi ile ni kimo cha Killy wangapi? Bomba lile je? Na ukuta ule unaozama gizani? Hesabu mpaka ushindwe. Hapo ndipo hadithi inapoanza, maana kwa Nihei, aliyekuja kwenye manga akitokea fani ya usanifu majengo, jengo ndilo msimulizi. Kuna mahali Killy anakuta chumba kitupu chenye ukubwa wa sayari ya Mshtarii. Mchoro unatosha, hakuna anayeguta kwa mshangao.

Kisa chenyewe kinabebeka kiganjani. Zamani binadamu waliliamuru Jiji kupitia mtandao, kwa kibali kilichokuwa ndani ya jeni zao. Maambukizi yakaifuta jeni hiyo. Tangu hapo mashine za ujenzi zinajenga bila kuagizwa, bila kukoma, na walinzi waliowekwa kuwazuia wasio na kibali wanawaua wajukuu wa wale wale waliowaumba. Killy anamtafuta mtu mmoja aliyebaki na jeni ile. Damu imo ya kutosha, lakini kinachonitisha mimi ni nyumba iliyomsahau mwenyewe na bado inaongeza vyumba.

Bastola ya Killy nayo itazame vizuri. Ni ndogo, ya kushikwa kwa mkono mmoja, ila tundu inaloacha hupita kuta kwa kilomita nyingi. Nihei anapenda kukuonyesha kabla na baada, katikati anakuachia wewe. Mwanasayansi Cibo, atakayefuatana na Killy, ndiye mwenye maneno katika msafara huo. Yashike, utayahitaji.

Filamu ya 2017 ya Hiroyuki Seshita ni nzuri, lakini watu wake wanaongea sana na njia yake imenyooka mno. Iweke kando mpaka umalize vitabu.

Juzuu ya kwanza ina wino mzito na mistari iliyokwaruzwa kwa haraka. Baadaye mkono unatulia, na kuta zinapata nafasi ya kupumua. Usiiruke hiyo ya kwanza ukidhani ni ya kujifunzia tu. Wewe anza nayo, usiku, taa ikiwa karibu, na kila ukurasa usio na maneno upe muda mrefu kuliko wenye maneno.